Niliita Jina Lake Katikati ya Wimbo

Mimi ndiye niliyeliita lile jina. Si Furaha! Ninyi mnaomtemea mate sokoni, mnaosema yule rasta wa kike ameuza mtu, mwacheni. Sauti mliyoisikia ni yangu, na hakuna aliyenituma.

Wenzangu mnaosoma ukurasa huu, nimelibeba jambo hili mpaka limenishinda. Pikipiki ikisimama mbele ya nyumba yangu, nakimbilia mlango wa nyuma. Hata sasa ninaandika mchana kweupe, lakini mlango nimeufunga kwa komeo na pazia nimelishusha. Naogopa, sitawadanganya. Nawaogopa watu wa mashine za dhahabu, nawaogopa marafiki wa shemeji yangu, na bado huku kunyamaza kunanitesa kuliko wote hao.

Majina yote humu nimeyabadilisha. Laiti ningekuwa na busara hiyo mapema!

Kazi yangu ni kurekodi nyimbo. Nina chumba kimoja hapa Bunia, na kuta zake nimezibandika vipande vya godoro ili kelele za barabarani zisiingie. Wazazi wangu walihamia hapa kutoka Butembo kwa ajili ya biashara, watu wa kanisa haswa, na baba alitamani niuze mabati na misumari kama yeye. Mimi nikachagua kuuza makelele. Hayo ni maneno yake, si yangu.

Kama wewe ni mgeni wa muziki wetu wa Kongo, nikueleze kidogo. Kwetu wimbo hauivi bila majina. Katikati ya wimbo lazima mtu aite: fulani wa Beni, fulani mwenye duka, mama fulani mke wa fulani! Tunaita kutupa libanga. Aliyetajwa anavimba kichwa, anaupiga wimbo mpaka majirani wanaomba msamaha. Mwimbaji ananinong'oneza majina anayoyataka, na mimi nayaita, kwa sababu Mungu alinipa sauti nzito. Hapa mjini kila mtu anaijua. Nimewaita matajiri, wachungaji, mabibi harusi, na kuna tajiri mmoja hata mbwa wake nilimwita!

Kwa hiyo jueni hivyo: jina likisikika ndani ya wimbo, hakuna anayemuuliza aliyeliita. Watu wote wanajua mwenye wimbo ndiye aliyeagiza.

Sasa Furaha. Ni mshonaji wa nguo, na zamani aliimba kwaya. Alipoanza kufuga rasta, kwaya ikamwambia achague, nywele au Yesu. Akajibu kwamba Yesu hajamlalamikia. Akatoka, akaanza kuimba rege ya zamani, ile ya mizizi, inayotembea polepole na kusema mambo mazito.

Siku moja alikuja studio na wimbo kichwani. Kijiji cha mama yake kiko upande wa Nizi, kwenye machimbo ya dhahabu. Alikuwa amekwenda kumsalimia, akakuta mto umegeuka matope. Mashine kubwa zimeingia humo, zinakoroga mto mchana kutwa, na watu wenye bunduki wanazilinda. Ni watu gani? Sitasema. Mkiona naruka jambo humu, msiniulize.

"Nataka kuimba ile mto," Furaha aliniambia. "Lakini sitaki kuimba kitu nilisikia tu mu mudomo ya batu. Nataka mutu mwenye alionaka."

Nikamwambia ninaye. Ole wangu, nilisema kwa majivuno!

Mtu huyo ni Asumani, mume wa dada yangu. Baba yake alitoka Kisangani, mama yake Mahagi, yeye mwenyewe ni Mwislamu, na maisha yake yote amechimba dhahabu. Dada alipomleta nyumbani, baba alikataa kula naye meza moja. Miaka ikapita, watoto wakazaliwa, na mpaka leo baba hajawahi kulitamka jina lake. Husema "yule wa mashimo". Mimi nilimpenda sana Asumani. Ndiye aliyenibebea betri mgongoni nilipoanza studio, akinitania kwamba mimi ni mchungaji wa kondoo wasioonekana, yaani sauti.

Tulikwenda kwake, akatupeleka mtoni kwa njia ya mashambani. Tulisimama nyuma ya mihogo. Chini yetu mashine zilikuwa zinanguruma, maji yanatoka mekundu, na pembeni vijana walikuwa wanaosha mchanga wa dhahabu kwa zebaki, ile dawa inayong'aa, halafu masalio wanamwaga humo humo. Hatua chache chini, mama mmoja alikuwa anachota maji ya kupikia. Mwanawe mgongoni alikuwa na vidonda shingo nzima.

Asumani alituambia yote. Chemchemi ya kijiji ilifukiwa na nani. Nani alipigwa alipouliza. Samaki walianza kuelea lini. Alikuwa anaongea upesi upesi, macho yake yakienda huku na huku. Tulipoagana alinishika mkono kwa nguvu.

"Shemeki, mumeniona hapa, lakini miye sikukuwa hapa. Munasikia? Sikukuwa hapa."

"Hatukukuona, yaya," Furaha alijibu, kama mtu anavyomwambia kaka yake. "Tuliona mayi tu."

Mimi nilitikisa kichwa kukubali. Kutikisa kichwa ni rahisi!

Tulirekodi wimbo. Jamani, ulikuwa wimbo! Furaha aliimba akiwa amefumba macho, taratibu, kama anamwambia mtu mmoja tu: "Zahabu iko mu shingo ya mwenye nguvu, matope iko mu kikombe ya mutoto. Mayi ya mama, nani alikukoroga?" Mimi ninayerekodi nyimbo za harusi huku nikipiga miayo, siku hiyo machozi yalinidondoka juu ya kinanda.

Kabla hajaondoka alinionya. "Nakujua weye. Hii haiko wimbo ya feti na harusi. Hapana kutupa libanga humu. Hata moja. Hata jina yako."

"Sawa," nikasema. Na wallahi nilikuwa namaanisha.

Lakini katikati ya wimbo ule kuna mahali vyombo vyote vinanyamaza, inabaki ngoma na besi peke yake. Ndivyo rege ilivyo, inaacha nafasi ili neno lizame. Mimi nilipokuwa nachanganya sauti peke yangu, kila nikifika hapo mdomo unaniwasha. Nafasi tupu! Kwetu nafasi kama ile haiachwi hivi hivi. Nikaona kama chungu kilichoachwa bila mfuniko.

Nikamfikiria Asumani. Nikamfikiria baba na "yule wa mashimo" yake. Nikasema, huyu mtu amefanya jambo kubwa kuliko matajiri wote niliowaita, na hakuna atakayejua. Ngoja siku moja asikie jina lake linaitwa kwa heshima. Ngoja baba alisikie barabarani!

Huo ni upande mzuri wa kosa langu, na ningependa kuishia hapo. Lakini ungamo la nusu si ungamo. Ukweli mwingine ni kwamba wimbo ulikuwa mzuri mno, na sauti yangu haikuwemo. Niliona wivu. Nilitaka watu wajue nani ameutengeneza.

Nikasogea kwenye maikrofoni nikaita: "Asumani wa Nizi! Mwenye aliona na macho yake!"

Neno likitoka halirudi. Nilijisikia vizuri, hata nikacheka peke yangu. Niliutuma wimbo kwa marafiki wachache kabla hata ya kumpa Furaha, ili nisikie watasemaje.

Mnawajua waendesha pikipiki wetu. Kila mmoja ana spika mbele ya usukani. Kesho yake tu wimbo ulikuwa unapita barabarani, ukatoka sokoni, ukaingia kwenye saluni. Vijana waliupenda. Wenye vijiji vilivyochafuliwa waliupenda zaidi, na wengine walilia. Na mnajua walipenda nini kuliko vyote? Pale katikati. Ngoma na besi zikibaki peke yake, abiria na dereva wanaitikia kwa pamoja: "Asumani wa Nizi!"

Furaha aliusikia akiwa ameketi nyuma ya pikipiki. Alikuja studio na uzi wa cherehani bado umemning'inia begani, wala hakukaa.

"Nani alikutuma?"

"Hakuna. Nilitaka tu kumushukuru..."

"Kumushukuru! Weye ulimuona vile alikuwa natetemeka? Batu biko naimba jina yake mu barabara! Na umesema kabisa aliona na macho! Unajua ile ni kitu gani? Ile ni kumuonyesha na kidole!"

Hapo ndipo damu iliponisimama. Naapa, mpaka dakika ile sikuwa nimeelewa. Nimezoea kwamba jina ndani ya wimbo ni zawadi. Katika nyimbo zangu zote jina lilikuwa zawadi. Sikufikiri kwamba katika wimbo unaomshtaki mtu mwenye bunduki, jina ni jina la shahidi.

Tulitoa toleo jingine la wimbo bila lile jina. Tukawatumia watu, tukawaomba wafute ule wa kwanza. Aka! Walitucheka. "Huu haujakamilika," walisema, "jina limekwenda wapi?" Maji yakimwagika hayazoleki, na mimi nilikuwa nakimbia na kitambaa nyuma ya mto.

Nilimpigia Asumani simu, haikupatikana. Kule machimboni mtandao unakuja na kuondoka, nikajifariji hivyo.

Jumapili vijana waliitisha mkutano wa kutetea mito kwenye uwanja wa mpira, na Furaha alikuwa ameshaahidi kuimba. Alisema asipokwenda, watu watauliza sababu, na wakiuliza sababu watalifikia jina. Akapanga kuimba bila ile nafasi ya katikati, apite moja kwa moja. Mimi nilikaa kwenye mashine ya sauti.

Alipita moja kwa moja kama alivyosema. Watu hawakupita naye. Uwanja mzima ulinyamaza wenyewe pale pa katikati, wakapiga makofi kwa mdundo wa ngoma, halafu wakaita. Mamia ya watu! Wanafunzi, wamama wenye watoto mgongoni, wazee: "Asumani wa Nizi! Mwenye aliona na macho yake!" Wameinua ngumi, wanafurahi, wanamheshimu kuliko nilivyowahi kuota. Furaha alisimama jukwaani mdomo wazi, maikrofoni imeshuka mpaka kiunoni.

Na karibu na goli nikawaona wanaume wawili ambao hawakuwa wanaimba. Mmoja alikuwa anarekodi kwa simu. Mwingine aliinama akamuuliza kitu kijana aliyekuwa pembeni yake, na yule kijana, kwa furaha, akawa anamweleza, akionyesha kwa mkono upande wa Nizi.

Nilizima mashine, nikasingizia jenereta.

Dada yangu alinipigia kesho yake. Sauti yake ilikuwa chini, kama mtu aliye ndani ya kabati.

"Mudogo, banaume walikuya hapa. Banauliza, 'Mwenye aliona na macho yake iko wapi?' Sawa vile tu. Kama mu wimbo. Batoto wanalia. Niliwaambia sijue. Mudogo, niko na woga sana."

Walitumia maneno yangu! Maneno niliyoyatunga mimi, kwa raha zangu, ndani ya chumba changu cha magodoro.

Wachimbaji wenzake walimwahi Asumani kabla ya hao watu. Walimvusha kwa njia za porini, na siku iliyofuata akaingia studio yangu akiwa na shati la mtu mwingine na viatu vya plastiki vilivyopasuka. Alikuwa amekonda kwa siku hizo chache. Alikaa chini, mgongo ukutani, akaniambia wamepaka alama nyumba yake. Lazima ateremke Kasenyi apande mtumbwi wa injini, avuke ziwa aende Uganda.

Halafu akasema neno lililonimaliza.

"Ule rasta yenu ameniuza, shemeki. Weye sikulaumu. Weye unaita tu ile majina wanakupatia. Ni kazi yako. Lakini yeye, alisema hatukukuona, kumbe alikuwa nacheka na miye."

Sasa nisikilizeni vizuri, maana kosa la kwanza lilikuwa ujinga, lakini hili la pili nililifanya nikiwa na akili zangu. Nilinyamaza. Mdomo unaoita majina ya watu usiku na mchana, nikaushona. Ningesema neno moja tu, "ni mimi", na lingeisha. Nilimwangalia usoni, nikaogopa asinichukie, nikaogopa asinipige, nikaogopa asimwambie dada. Nikasema, "Pole sana, shemeki."

Pole sana! Huo ndio ujasiri wangu.

Nilimsindikiza Kasenyi. Tulipanda pikapu la wafanyabiashara wa samaki lililokuwa linashuka na vikapu vitupu, wamama watano na sisi. Njiani kuna kizuizi, kamba imefungwa barabarani na vijana wenye silaha wanaangalia kadi za utambulisho. Wa nani? Nimesema msiniulize. Tukasimama. Na dereva, ambaye hajui lolote masikini, alikuwa ameacha muziki wake unacheza.

Wimbo wa Furaha ukaanza.

Naujua wimbo ule kama ninavyojua meno yangu. Nilijua ni ubeti gani, nilijua nafasi iko wapi, na nilijua inakuja. Kijana mmoja alikuwa anazunguka gari, anakusanya kadi moja moja. Alipoichukua ya Asumani, gitaa likanyamaza, kinanda kikanyamaza. Nilitaka kumpigia dereva kelele azime, sauti haikutoka. Na sauti yangu ileile, nzito, nzuri, ya kujidai, ikatoka kwenye spika: "Asumani wa Nizi! Mwenye aliona na macho yake!"

Yule kijana aliangalia kadi. Akamwangalia Asumani. Akaangalia kadi tena.

"Asumani ya wapi, weye?"

"Ya Kasenyi, shefu. Niko nauzisha samaki."

"Samaki."

"Ndiyo, shefu."

Mimi nilikuwa naviangalia viatu vyangu. Shemeji yangu yuko pembeni yangu, kifo kimeshika kadi yake, na mimi naangalia viatu! Ni mama mmoja wa samaki, mnene, ambaye hatukuwahi kumwona maishani mwetu, ndiye aliyefyonza meno akasema:

"Shefu, boti inatuacha! Huyu Asumani ni yetu ya samaki. Ule ya wimbo ni mutu ya zahabu. Angalia viatu yake, mutu ya zahabu anaweza vaa viatu kama hii?"

Wenzake wakacheka, sijui kama ni kwa woga au kwa kujua. Kijana akaviangalia vile viatu vya plastiki vilivyopasuka. Naye akacheka. Akarudisha kadi, kamba ikashushwa.

Asumani alitetemeka mpaka Kasenyi. Yule mama alimpa maji ya kunywa, hakumuuliza kitu. Pale ziwani shemeji alinikumbatia, akaniambia niwaangalie dada na watoto, na kwamba hatamsamehe Furaha mpaka kaburini. Mtumbwi ukaondoka. Hata hapo nilikuwa na nafasi ya kusema. Sikusema.

Dada na watoto walihamia kwa baba. Baba alimpokea, lakini hakosi neno la kumsema. Na dada kila akipika anamlaani Furaha, na mimi nimekaa pale nasubiri sahani yangu.

Maneno yalisambaa kwamba Furaha anauza watu. Alipokwenda tena kijijini kwa mama yake, apate mengine ya kuimba, wanawake walifunga milango. Nani atafungua mdomo sasa? Mashine bado ziko mtoni, zimeongezeka, na waliokuwa tayari kusema wamekunja mikono.

Halafu siku moja alasiri Furaha alikuja studio akiwa amefunga kitenge kichwani. Nilidhani ni vumbi. Akakifungua.

Nywele zote zilikuwa zimekatwa, ovyo, vipande vipande, na juu ya sikio kulikuwa na kidonda. Rasta za miaka yote ile!

"Rafiki ya shemeki yako walikuya ku atelie yangu ya kushona," alisema. "Walinishika. Walinikata na makasi yangu, ile ya kukata nguo. Walisema ni ya kunikumbusha Asumani."

Nikamuuliza kwa nini hakuwaambia kwamba ni mimi.

"Ningesema ni weye, wangekuya hapa. Na weye hawangekukata nywele tu." Alifunga kitenge chake tena, polepole. "Miye nilinyamaza juu ya kukulinda. Weye uko nanyamaza juu ya kulinda nani?"

Alitoka, na tangu siku hiyo hajaimba.

Juma hilo sikula. Mwishowe nilikwenda kwa dada nikamkuta nyuma ya nyumba anaponda sombe, majani ya mihogo. Nikamwambia yote, tangu ile nafasi ya ngoma na besi mpaka makasi. Nilitegemea atanirushia mchi. Hakurusha. Alikaa chini kwenye vumbi, akatoa simu, akampigia mumewe ng'ambo ya ziwa, akanipa.

"Umuambie weye mwenyewe."

Nikamwambia Asumani. Nilisema ni mimi, si Furaha, hakuna aliyenituma, na kwamba nilijua anamlaumu bure tangu siku ile alipokuja na shati la watu. Nililia kama mtoto. Upande wa pili nasikia tu pumzi na mbuzi wa watu.

Hakunitukana. Laiti angenitukana! Aliuliza kwa sauti ya mtu aliyechoka: "Kwa hiyo weye ndiye unajua hii namba. Na unajua kule niko nalala."

"Shemeki, miye siwezi..."

"Uliweza."

Akakata. Tangu hapo namba haipatikani, kwangu wala kwa dada. Baadaye msafiri mmoja wa Kasenyi alileta salamu kwa mdomo: yuko mzima, amehama pale alipokuwa, asitafutwe. Mume alimkimbia mkewe kwa sababu mkewe ana ndugu kama mimi. Asubuhi watoto wananiuliza kama baba amepiga, na baba yangu mzee, kwa mara ya kwanza, ameuliza, "Asumani yuko wapi?"

Naandika haya ili Furaha asafishwe. Marafiki wa Asumani, mkiyasoma, mnajua nyumba yangu ilipo. Naogopa kuandika sentensi hiyo, lakini nimeiandika. Mwacheni dada wa watu aoteshe nywele zake.

Na ninyi mnaopiga muziki wa kutetea mito na misitu, iwe rege au chochote, msiache, kazi hiyo inatakiwa. Lakini aliyewaonyesha maovu msimtaje. Msimtaje kwa sifa, msimtaje kwa upendo, msimtaje hata akiwa ndugu yenu na mnatamani dunia nzima imjue. Msifuate mazoea kama nilivyofuata mimi. Kuna mtu unamheshimu kwa kumwita, na kuna mtu unamheshimu kwa kumficha, na mimi sikujua tofauti mpaka nikamfukuza shemeji yangu nchini mwake.

Yule msafiri aliniambia jambo moja zaidi. Huko aliko, Asumani anatumia jina lingine. Akataka kunitajia. Niliziba masikio kwa mikono yote miwili, nikamwambia aende zake.